Kutoka kwa wazazi: sababu gani furaha na uchungu vinakuja pamoja

Mujini Goma ao Bukavu, kijana akipata kazi, siku moja anabeba godoro na sufuria mbili, anaenda kulipia chumba chake. Anafurahi kufunga mulango wake mwenyewe. Lakini usiku wa kwanza analala na roho nzito, na mama yake vilevile. Uchungu huo unatoka wapi?

Kwanza ni desturi. Katika familia nyingi, mutoto mwanaume anatoka akioa, musichana anatoka siku ya ndoa. Akitoka mbele ya hapo, majirani wanauliza: «Wamemufukuza?» Kwa musichana maneno yanakuwa makali zaidi, hata kama anataka tu kukaa karibu na kazi.

Pili ni kumbukumbu. Kubeba vitu kunarudisha siku za kukimbia vita, ao lava ya Nyiragongo ya Januari 2002 na Mei 2021. Muzazi aliyepotezana na watoto njiani hapendi kuona tena kitanda kitupu.

Tatu ni feza. Pengine mutoto ndiye alikuwa anasaidia kulipa masomo ya wadogo. Akitoka, mushahara mumoja unalisha nyumba mbili, na wazazi wanaogopa kusahauliwa. Yeye naye anaona haya kurudi kula kwao mwezi ukiwa mugumu.

Halafu kuna garanti. Wenye nyumba wengi wanaomba miezi sita ao zaidi. Lakini sheria ya tarehe 31 Desemba 2015 juu ya kupangisha nyumba inasema garanti ya nyumba ya kukaa haipashwi kupita miezi 3. Ni vizuri kuomba mapatano ya kuandikwa na karatasi ya kila malipo.

Kinachosaidia ni kusema mapema, mbele ya kutafuta nyumba. Kijana aeleze baba na mama sababu yake, na kiasi gani atakuwa analeta kila mwezi, hata kidogo. Wazazi nao waepuke neno «usirudie tena hapa», juu neno hilo linazuia mutoto kuomba musaada wakati wa ugonjwa ao kukosa kazi.

Uchungu wa siku za kwanza si alama kwamba kijana amekosea. Kuwatembelea wazazi siku ya mungu, kula nao sombe, na kupiga simu katikati ya juma kunawatuliza wote.