Kukata Rufaa Hakufungui Shamba



Swali hili tumeulizwa katika vikundi vingi, hasa mvua inapokaribia: “Hakimu ametuzuia kuingia shambani, lakini tumeshakata rufaa. Sasa si tuendelee kulima?” Jibu letu ni hapana. Rufaa peke yake haisimamishi oda ya korti. Ndivyo linavyosema Agizo la 42 la kanuni za kesi za madai za mwaka 2010. Anayevunja amri ya kuzuia anaweza kushikiwa mali, au kufungwa hadi miezi sita, hata kama karatasi za rufaa anazo mfukoni.

Hii amri ya kuzuia, ile wengi huiita injankshoni, haisemi shamba ni la nani. Inalinda shamba mpaka kesi yenyewe isikizwe. Tangu uamuzi wa Giella na Cassman Brown wa mwaka 1973, korti zetu huuliza mambo matatu. Mwombaji ana kesi inayoonekana kuwa na nguvu? Akinyimwa amri, atapata hasara ambayo pesa haziwezi kuifidia? Na korti ikibaki na shaka, ni nani ataumia zaidi?

Sasa, nani yuko shambani ni jambo kubwa kuliko watu wanavyofikiri. Kama mnalikalia na kulilima, si rahisi mwenzenu awatoe kwa amri ya muda, maana amri ya kumtoa mtu kabla kesi kusikizwa hutolewa mara chache, kesi ikiwa wazi kabisa. Lakini kama mlikaa kimya mpaka yeye akaingia, akajenga na kuweka ua, mtakuta korti inawaambia kwamba haiwezi kuzuia jambo ambalo limeshatendeka. Kwa hiyo msingoje. Wekeni picha za mimea, risiti za mbegu na za trekta, na majirani walio tayari kuapa hati ya kiapo. Hatimiliki ni muhimu, ndiyo, lakini haionyeshi ni nani alipanda mahindi msimu uliopita.

Kuna oda moja ambayo imeleta taabu nyingi: “hali ibaki ilivyo”. Tuliwahi kukaa na kikundi cha akina mama waliopewa oda hiyo. Wao walielewa kwamba waendelee kupalilia maharagwe yao. Mwenzao wa kesi alielewa kwamba ng'ombe wake waendelee kulisha, kwa kuwa aliwaingiza siku mbili kabla ya oda kutolewa. Wote wawili walimwendea chifu na karatasi ile ile, na chifu, maskini, angefanya nini? Kufikia siku ya kurudi kortini maharagwe yalikuwa yamekwisha. Basi oda kama hiyo ikisomwa, wakili wenu, au ninyi wenyewe kama hamna wakili, ombeni papo hapo iandikwe wazi: nani yuko shambani leo, sehemu gani, na kama anaruhusiwa kulima, kuvuna au kujenga.

Tukirudi kwenye rufaa. Kama kesi ilikuwa kwa hakimu, rufaa ya ardhi huenda katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, na mna siku 30. Kama uamuzi ulitolewa na jaji wa mahakama hiyo, mnakwenda Mahakama ya Rufaa: notisi ndani ya siku 14, kisha rekodi ya rufaa ndani ya siku 60 tangu notisi ilipowekwa. Ombeni nakala za mwenendo wa kesi kwa barua ndani ya siku 30 tangu uamuzi, na mpinzani apewe nakala ya barua hiyo. Vikundi vingi husahau nakala hiyo ya mpinzani, halafu siku zinahesabiwa dhidi yao.

Pamoja na rufaa, pelekeni ombi la kusimamisha oda. Kwa Agizo la 42 mtaonyesha kwamba mtapata hasara kubwa, kwamba hamkuchelewa, na kwamba mko tayari kuweka dhamana. Mkikataliwa pale, bado mnaweza kuomba katika korti ya juu. Mahakama ya Rufaa yenyewe huuliza mawili tu: rufaa ina hoja ya kusikizwa? Na oda isiposimamishwa, ushindi wa baadaye utakuwa bure?

Lakini angalieni. Kama ninyi ndio mliomba amri ya kuzuia mkakataliwa, hakuna oda ya kusimamisha. Hakimu hakuagiza mtu afanye lolote, amesema hapana tu. Hapo msiombe kusimamisha, ombeni amri ya kuzuia wakati rufaa ikingoja. Tumeona ombi likitupwa kwa kosa hilo moja.

Tena msitarajie majaji wa rufaa waamue mwenye shamba. Wao wataangalia kama jaji wa kwanza alikosea wazi katika kutumia uamuzi wake, basi. Kesi kubwa inabaki kule chini, na msiiache ilale, maana amri ya kuzuia hukoma baada ya miezi 12 kama kesi haijaisha, ila korti iagize vingine kwa sababu ya kutosha. Katibu wa kikundi aandike tarehe hiyo kwenye kitabu cha kumbukumbu siku ile ile oda inapotoka.