Zima Sauti, Utazame Tena

Mkanda wa habari wa enzi ya Hali ya Hatari nchini Kenya una vitu viwili vilivyoshonwa pamoja: picha, na sauti ya msimulizi Mwingereza. Picha inaonyesha wanaume waliochutama kwa safu, mikono kichwani, askari wakiwasimamia. Msimulizi anawaita magaidi. Mtazamaji huvimeza vyote kwa pamoja, akaamini ameona kwa macho jambo ambalo kwa kweli amelisikia tu.

Mtengenezaji wa filamu za hali halisi anayetumia mikanda ya kale huufumua mshono huo. Kamera yake mwenyewe si lazima aiguse. Huchukua picha zilizopigwa na wengine, akazima sauti, akapunguza kasi, akasimamisha uso mmoja uliopita upesi, kisha akamwita shahidi azungumze.

Onyeka Igwe, msanii wa London mwenye asili ya Nigeria, alifanya kazi ya namna hiyo katika Specialised Technique (2018). Kitengo cha Filamu cha Makoloni, kilichoundwa na Uingereza mwaka 1939, kilifuata kanuni za mkuu wake, William Sellers: picha ziende polepole, kamera isihamehame, pasiwe na mbinu za kiufundi, eti Mwafrika hawezi kufuata zaidi ya hapo. Igwe alizirudia picha za ngoma zilizopigwa katika mfumo huo, akatafuta ndani yake uhai wa wachezaji waliokuwa wamegeuzwa vielelezo vya kutazamwa.

Hapa Kenya, Zippy Kimundu na Meena Nanji wametoa Our Land, Our Freedom (2023), inayomfuata Wanjugu Kimathi akilitafuta kaburi la babake, Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau aliyenyongwa katika gereza la Kamiti tarehe 18 Februari 1957. Sote tunaijua picha ya Kimathi akiwa amelazwa kwenye machela, pingu mikononi. Serikali ya kikoloni iliitangaza kama ushahidi wa ushindi wake. Kwa binti, huyo ni baba. Picha haikubadilika hata chembe. Aliyebadilika ni anayeisema.

Ndiyo maana nawaza kuhusu Gachoka, katika nchi ya Wambeere. Nchi hiyo inapakana na tambarare za Mwea, ambako waliozuiliwa kambini walichimbishwa mifereji ya mpunga katika miaka ya 1950. Mtoto aliyekuwa na miaka 10 Hali ya Hatari ilipotangazwa, tarehe 20 Oktoba 1952, leo amepita miaka 80. Mwonyeshe mkanda bila sauti, umuulize kwa Kimbeere, umwache atazame mara ya pili kabla hajajibu. Atakachokitaja kwanza huenda kiko pembeni kabisa mwa picha: mama aliyesimama na mtungi, au mtu aliyevishwa gunia kichwani akiwanyoshea wenzake kidole, yule ambaye watu wa Mlima Kenya walimwita gakunia.

Kumbukumbu nayo hukosea. Mzee anaweza kuchanganya miaka au kambi. Filamu nzuri haifichi hilo. Huliweka neno lake kando ya picha, vipimane mbele ya mtazamaji.

Mikanda imetunzwa kwenye maghala ya Uingereza na itadumu miaka mingi. Mashahidi hawana muda huo. Kijana wa Gachoka anayetaka kutengeneza filamu ya namna hii aanze kwa wazee, kwa simu aliyo nayo mkononi na kwa idhini yao. Mikanda ataifuata baadaye.