Uzi, Tanga na Ahadi Tatu

Paukwa!

Pakawa.

Sogeeni karibu, wanangu. Leo tunakwenda Ugiriki ya kale, nchi ya visiwa na milima ya mawe, ambako watu waliabudu miungu wengi: Zeus mwenye radi, Athena mwenye hekima, Poseidon mwenye bahari. Hadithi yetu ina mnyama wa kutisha na jumba la kupotea, lakini nawapa kazi moja. Hesabuni ahadi. Zimo tatu.

Ya kwanza aliitoa Minos wa kisiwa cha Krete. Akigombania ufalme, alimwomba Poseidon amtolee fahali baharini, ili watu waone kwamba miungu wanamtaka yeye. Akaahidi kumchinja fahali huyo awe sadaka. Poseidon akaitika. Mawimbi yakapasuka, akatoka fahali mweupe pe, mzuri wa kutazamwa. Minos akamtazama, akamtamani. Akamtia kwenye zizi lake, akachinja mwingine.

Bwana wa bahari hadanganywi. Kwa hasira yake, malkia Pasiphae, mke wa Minos, akazaa kiumbe mwenye mwili wa mtu na kichwa cha fahali. Akaitwa Minotaur, yaani fahali wa Minos.

Mfalme akamwita Daedalus, fundi asiye na mfano, ajenge mahali pa kumfungia. Daedalus akajenga vichochoro ndani ya vichochoro: unakata kona unakuta kona, unarudi ulikotoka unakuta siko. Wagiriki waliliita jumba hilo labirinti. Inasimuliwa kwamba hata Daedalus mwenyewe nusura akose mlango.

Siku zikapita. Androgeos, mwana wa Minos, akafa katika nchi ya Athens. Minos akaenda na vita, na Athens iliposalimu amri akaitoza kodi ya machozi: kila baada ya miaka 9, wavulana 7 na wasichana 7 wapelekwe Krete, waingizwe kwenye labirinti.

Zamu ya tatu ilipofika, Theseus, mwana wa mfalme Aegeus, akasimama. "Baba, niweke mimi miongoni mwao. Nitamuua."

Merikebu ya safari hiyo ilikuwa na tanga jeusi, tanga la msiba. Aegeus, kwa mikono inayotetemeka, akaongeza tanga jeupe. "Mwanangu, ukirudi hai, tweka hili jeupe, nijue mapema, ukiwa ungali mbali."

"Nitafanya hivyo, baba."

Hiyo ni ya pili. Ishikeni vizuri.

Huko Krete, Ariadne, binti Minos, alimwona Theseus akishuka pwani na wenzake, na moyo wake ukakataa wafe. Akamwendea Daedalus kutaka shauri. Aliyejenga jumba ndiye aliyejua siri yake, na siri ilikuwa donge la uzi.

"Funga ncha mlangoni," Ariadne akamwambia Theseus, "uzi ufunguke kadiri unavyokwenda, kisha uufuate kurudi. Lakini niahidi utaondoka nami, maana baba hatanisamehe."

Theseus akaahidi kumchukua na kumwoa. Ya tatu hiyo.

Akaingia. Mkono mmoja ukutani, mwingine kwenye uzi. Kona, giza, kona nyingine. Halafu pumzi nzito, na harufu ya zizi. Wako wanaosimulia kwamba alipigana kwa upanga, wako wanaosema kwa ngumi tupu. Wote wanakubaliana kwamba Minotaur alianguka.

Hapo ndipo ninapopapenda kuliko pote. Shujaa amesimama juu ya adui, ameshinda, na bado amepotea. Nguvu zote zile hazijui njia ya kurudi. Akainama, akapapasa sakafuni kama mtoto, mpaka vidole vikaugusa uzi. Akaukunja hatua kwa hatua hadi mlangoni, alikokuwa ameufunga. Vijana wote wakaokoka, na usiku uleule wakang'oa nanga pamoja na Ariadne.

Natamani niishie hapa, lakini mngenidai ahadi zenu. Walipotia nanga katika kisiwa cha Naxos, Ariadne alilala, na alipoamka merikebu haikuwepo. Wapo wanaomtetea Theseus, wakisema mungu Dionysus ndiye aliyemtaka binti huyo. Kweli, Dionysus alimkuta akilia, akamwoa, na taji lake likawekwa mbinguni kati ya nyota. Hata hivyo, asubuhi ile pwani alikuwa peke yake.

Theseus akaelekea nyumbani. Furaha ilikuwa kubwa, na katika furaha ile hakuna aliyekumbuka kutua tanga jeusi. Aegeus alikuwa juu ya jabali, macho yake baharini. Akaona tanga jeusi. Hakungoja kuambiwa. Akajitupa.

Najua mtaniuliza kama ni kweli. Mwaka 1900, mwanaakiolojia Mwingereza Arthur Evans alianza kuchimba Knossos, kisiwani Krete. Akafukua kasri la kale lenye vyumba na vijia vingi, na vipande vya picha ya ukutani inayoonyesha mtu akiruka juu ya mgongo wa fahali. Minotaur hakuonekana, lakini ni rahisi kuelewa hadithi ilipata wapi mbegu.

Sasa nipeni hesabu. Wahenga wetu walisema ahadi ni deni, na hapa zimevunjwa zote tatu. Tazameni nani amelipa. Minos alivunja ya kwanza. Wakalipa mkewe na watoto wa watu. Theseus alivunja mbili. Akalipa Ariadne, akalipa baba mzee aliyekuwa akingoja. Deni la ahadi mara nyingi humwangukia asiyekopa. Ule uzi mwembamba haukumwangusha mtu, kwa sababu ulifungwa mlangoni, ukabaki umefungwa.

Theseus alikuja kuwa mfalme, akasifiwa miaka mingi. Lakini bahari ile aliyoivuka, Wagiriki waliipa jina la baba yake. Mpaka leo inaitwa Bahari ya Aegea, na kila merikebu ipitayo hapo bado inapita mbele ya mzee anayetazama rangi ya tanga.