Saa Tatu ya Nani? Neno, Maana na Muktadha

Kila mwalimu wa lugha ana siku ambayo wanafunzi wake walimfundisha jambo. Siku yangu mimi ilikuwa ile ya jaribio la kwanza la muhula. Jana yake nilikuwa nimeandika ubaoni kwa herufi kubwa: "Jaribio ni kesho saa tatu." Asubuhi ya pili, saa tatu kamili, nilikuta nusu ya darasa. Nikasubiri kidogo, nikatoa jaribio, na mbele ya majina ya wasiofika nikaandika sifuri.

Alasiri ya siku hiyo hiyo, ilipokaribia saa tisa, niliwakuta wenzao wamejipanga mlangoni kwangu na kalamu mikononi. "Mwalimu, tumekuja kufanya jaribio." Hawakuwa wamechelewa. Walikuwa wamekuja saa tatu, saa tatu ya Juba.

Waliofika asubuhi walikuwa wale waliokulia Kakuma, Nairobi au Kampala. Waliofika alasiri walikuwa wale waliokulia hapa hapa, ambao katika Kiarabu cha Juba husema "saa talata" wakiwa na maana ya saa tatu baada ya adhuhuri kwa hesabu ya Kizungu. Neno "saa" walilijua tangu utotoni. Neno "tatu" nilikuwa nimewafundisha mwenyewe. Hakuna kamusi ambayo ingewaokoa, kwa sababu hapakuwa na neno geni katika sentensi yangu.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza swali ambalo wanafunzi wa semantiki hulijibu haraka katika mitihani, lakini sisi walimu hulisahau tuingiapo darasani: neno hupata wapi maana yake?

Maana haimo ndani ya sauti

Jibu la kwanza ni lile la unasibu, ambalo wengi wetu tulifundishwa kwa kumtaja Ferdinand de Saussure, mwanaisimu wa Uswisi, ambaye mafunzo yake yalichapishwa mwaka 1916 baada ya kifo chake. Hakuna uhusiano wa lazima baina ya sauti za neno na kitu kinachotajwa. Mnyama ambaye Waswahili humwita ng'ombe, Mdinka humwita weng, Mnuer humwita yang na Mbari humwita kiteng. Ng'ombe mwenyewe hana habari. Ni kweli kwamba yapo maneno yanayoiga sauti, kama vile pikipiki, lakini hayo ni machache.

Kama sauti hazibebi maana, basi maana hutokana na makubaliano ya jamii inayolitumia neno. Hapa ndipo penye jambo la kuzingatia kwetu sisi tunaofundisha Juba. Jamii mbili zinaweza kuchukua neno moja kutoka chanzo kimoja, kila moja ikalipa makubaliano yake.

Maneno tunayodhani tunayajua

Kiswahili na Kiarabu cha Juba vyote vimechota sana katika Kiarabu. Kwa hiyo mwanafunzi wetu huanza safari akiwa na mtaji: kitabu, chai, sukari, duka, habari, soko. Hayo humfurahisha na kumpa moyo. Lakini katika kundi hilo hilo yamo maneno yanayofanana sura na kutofautiana tabia. Hebu tuangalie machache.

Bahari. Mto unaopita mjini kwetu huitwa Bahr el Jebel, na kaskazini-magharibi tuna Bahr el Ghazal. Katika Kiarabu, hususan cha Misri na Sudan, neno bahr hutumika kwa bahari na pia kwa mto mkubwa. Waswahili, watu wa pwani wenye Bahari ya Hindi mbele ya milango yao, walilitenga neno hilo kwa maji ya chumvi tu. Kwa hiyo mwanafunzi wa Juba anayeandika "Jana tulivua samaki baharini" hajasema uongo. Amesema kweli kwa makubaliano ya jamii nyingine. Ukimsahihisha kwa kumpa neno "mto", jiandae, maana kesho atakutana na mtu aliyelaza kichwa juu ya mto kitandani.

Jabali. Jebel ni mlima, kama Jebel Kujur ulio kando ya mji wetu. Kwa Mswahili jabali ni mwamba au jiwe kubwa, na mtu shupavu huweza kuitwa jabali.

Bara. Kwa msemaji wa Kiarabu cha Juba bara ni nje. Kwa Mswahili wa pwani au visiwani bara ni nchi kavu iliyo mbali na bahari. Ndiyo maana tunasema Tanzania Bara na Zanzibar. "Amekwenda bara" ni safari ndefu kwa mmoja, na kwa mwingine ni kutoka nje ya mlango tu.

Kalamu. Hili hutokana na qalam, chombo cha kuandikia, ambacho Sudan hutamkwa galam. Lakini Kiarabu kina neno jingine, kalam, lenye maana ya maneno au mazungumzo. Sikio la mwanafunzi wetu linaposikia "kalamu", hukimbilia kwenye mazungumzo, wala si kwenye wino.

Hai. Mtaani tuna Hai Malakal na Hai Cinema. Hai hapa ni mtaa. Katika Kiswahili hai ni yule ambaye hajafa.

Taifa. Katika Kiarabu neno hili hutaja kundi au madhehebu, na katika siasa za Sudan liliambatana na migawanyiko ya kidini. Waswahili walilichukua wakalipanua hadi likawa na maana ya watu wote wa nchi moja. Neno lililotaja sehemu sasa linataja jumla. Katika nchi iliyopata uhuru tarehe 9 Julai 2011 na ambayo bado inajijenga, tofauti hiyo si ya kisarufi tu.

Neno na jirani zake

Jibu la pili ni kwamba neno hujulikana kwa jirani zake. Mwingereza J. R. Firth, aliyefundisha isimu katika Chuo Kikuu cha London, alilisisitiza jambo hili katika miaka ya 1950. Mfano wake kwetu uko katika vibanda vya soko la Konyo Konyo. Chukua neno dawa, ambalo ni lile lile katika Kiarabu cha Juba, kisha uliweke jirani:

dawa ya kikohozi: huondoa kikohozi;
dawa ya mtoto: hupewa mtoto ili apone;
dawa ya meno: husafisha meno;
dawa ya viatu: hung'arisha viatu;
dawa ya mbu: hufukuza au huua mbu;
dawa ya panya: huua panya.

Sarufi ya mafungu haya yote ni moja: nomino, -a unganifu, nomino. Lakini mtoto hunywa dawa yake akapona, na panya hula yake akafa. Sarufi haimwambii mwanafunzi tofauti hiyo. Anayemwambia ni ujuzi wake wa dunia: kwamba mtoto hupendwa na panya huchukiwa. Mwanafunzi aliyekariri "dawa ni kitu cha kuponya", akasimama mbele ya rafu yenye vichupa viwili, yumo hatarini kweli. Orodha ya msamiati iliyo daftarini haitamsaidia.

Wakati mwingine jirani anayetoa maana ni kiambishi kidogo tu. Darasani niliwahi kusoma sentensi hii: "Bibi alikalia mbuzi akakuna nazi." Wanafunzi, ambao wengi wao wamekua na mifugo, walimhurumia sana yule mnyama. Ilibidi nichore ubaoni kigoda chenye chuma cha meno kichwani, ambacho watu wa pwani hukiita mbuzi. Lakini hata pasipo picha, upatanisho wa kisarufi ungetosha. "Mbuzi wake amevunjika mguu" ni habari ya mfugaji. "Mbuzi yake imevunjika mguu" ni kazi ya seremala.

Nani anasema, wapi, na kwa nini

Jibu la tatu linatoka nje ya sentensi kabisa. Bronislaw Malinowski, mwanaanthropolojia mzaliwa wa Poland, alieleza katika makala yake ya mwaka 1923 kwamba usemi hauwezi kueleweka bila kujua hali ambamo unasemwa. Alifikia wazo hilo akiwa amekaa na wavuvi na wakulima wa visiwa vya Trobriand. Angeweza kulifikia vilevile akiwa amesimama kwenye kizuizi cha barabarani.

Angalia maneno "kitu kidogo". Kila mwanafunzi wa wiki ya tatu anayajua. Ukiyasikia dukani, ni kitu kisicho kikubwa. Lakini Wakenya wanajua kwamba askari wa barabarani akimwambia dereva "Toa kitu kidogo", anadai hongo. Hakuna neno lililobadilika. Waliobadilika ni watu, mahali na nia.

Hata asili ya msemaji ni sehemu ya muktadha. Katika Kiswahili sanifu "kitambo" ni muda mfupi, lakini ukizungumza na Mkenya akakwambia "hiyo ilikuwa kitambo", ana maana ya zamani. Wanafunzi wetu husikia Kiswahili cha wafanyabiashara wa Kenya na Uganda waliopandia barabara ya Nimule, cha ndugu waliorudi kutoka kambini, na cha vitabu vya Tanzania. Hatuwezi kuwaambia kwamba viwili kati ya hivyo ni makosa tu. Ni wajibu wetu kuwafundisha kuuliza: nani anasema?

Sasa turudi kwenye saa yangu. Mswahili huanza kuhesabu saa jua linapochomoza, na karibu na Ikweta jua halibadilishi sana wakati wake mwaka mzima. Kwa hiyo saa moja ni saa ya kwanza ya mchana. Hesabu hii inaeleweka kabisa kwa aliyekua nayo. Aliyekua na hesabu nyingine hana pa kuibashiri, isipokuwa kwa msaada wa jirani: asubuhi, mchana, alasiri, usiku. Mimi niliandika "saa tatu" tupu. Na yapo zaidi: tangu tarehe 1 Februari 2021 Sudan Kusini iko nyuma ya Nairobi na Dar es Salaam kwa saa moja. Kwa hiyo hata tukikubaliana namna ya kuhesabu, anayepanga kikao kwa simu na mwenzake wa Dar es Salaam bado hana budi kuuliza: saa tatu ya wapi?

Maana husafiri

Makubaliano ya jamii hayadumu milele. Boda boda ilianza kama baiskeli ya kuvusha watu na mizigo katika mpaka wa Kenya na Uganda, upande wa Busia, na jina lake linatokana na neno la Kiingereza lenye maana ya mpaka. Leo chombo ni pikipiki, na abiria wa Juba hupanda boda boda kwenda sokoni bila kukaribia mpaka wowote.

Mfano mwingine unatugusa kwa karibu zaidi. Kiarabu cha Juba na Kinubi cha Kenya na Uganda ni ndugu. Vyote vina asili katika Kiarabu cha kambi za askari wa karne ya 19 katika eneo letu. Askari wa Kinubi waliopewa makazi pembezoni mwa Nairobi waliita mahali pale kwa neno lao lenye maana ya msitu. Mahali hapo ni Kibera. Miti imekwisha, nyumba zimesongamana, na jina limebaki. Anayelisikia leo haoni msitu hata kidogo.

Tufundishe vipi?

Sudan Kusini ilikubaliwa kuingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2016, na haja ya Kiswahili inakua. Shauku ya kujaza daftari za wanafunzi kwa orodha ndefu za maneno ni kubwa. Mimi napendekeza mambo manne.

Kwanza, tusifundishe neno likiwa peke yake. Tulipe jirani wawili watatu: si "dawa", bali "dawa ya kikohozi", "dawa ya panya".

Pili, maneno yanayofanana na ya Kiarabu cha Juba tuyapokee kwa furaha, kisha tuyapime moja moja. Tuanze na yale yanayodanganya.

Tatu, tufundishe ngeli kama chombo cha kupata maana, si kama adhabu ya kukariri.

Nne, mwanafunzi anapokosea, kabla ya kalamu nyekundu tumuulize: "Ulielewa nini?" Mara nyingi tutagundua kwamba ana akili timamu na muktadha tofauti.

Zile sifuri nilizifuta. Wale wa alasiri walifanya jaribio lao saa tisa, na swali la kwanza nililibadilisha. Liliwataka waeleze, kwa sentensi tano, kwa nini wao na wenzao walikuja kwa nyakati mbili tofauti na wote wakawa sahihi. Ndiyo majibu bora niliyoyasahihisha muhula ule.

Zoezi kwa wasomaji

1. Tunga sentensi mbili kwa kila neno, moja ikionyesha maana ya Kiswahili na nyingine maana ambayo msikilizaji wa Juba angeweza kuidhania: bahari, bara, hai, kalamu.
2. Eleza tofauti: "Kaa ameungua" na "Kaa limeungua".
3. Kusanya sokoni maneno matano yanayotumika katika Kiswahili na Kiarabu cha Juba kwa maana tofauti. Andika ulimsikia msemaji wa namna gani, wapi, na akiwa anafanya nini.