Gemu Ikikataa, Fungua Faili Kabla ya Kufungua Mkoba
KOMPYUTA NYUMBANI: Sehemu ya Pili

Wiki jana tulivichambua vipande vitatu vinavyobeba mzigo gemu inapochezwa: prosesa, kumbukumbu na kadi ya michoro. Tuliona kwamba laptopu nyingi zinazonunuliwa hapa Bomet, iwe mjini, Sotik au Silibwet, ni zile zilizokwisha kutumika maofisini ng'ambo, ambazo wauzaji huziita "ex-UK": HP EliteBook, Dell Latitude, Lenovo ThinkPad. Ni mashine imara, ila ziliundwa kwa ajili ya barua na hesabu za ofisi. Nyingi hazina kadi ya michoro inayojitegemea. Kazi ya kuchora hufanywa na sehemu iliyomo ndani ya prosesa ya Intel, nayo hukopa kumbukumbu ileile inayotumiwa na Windows. Leo tunaingia kwenye kazi yenyewe: jinsi ya kurekebisha mipangilio ya gemu bila kuifungua gemu.

Kuna sababu ya kulizungumzia jambo hili mapema. Bonasi ya majani chai hulipwa karibu na Oktoba, na katika maboma mengi yanayopeleka majani kwenye viwanda vya Kapkoros, Tirgaga au Mogogosiek, kijana huwa amekwisha kuwasilisha ombi lake: anataka laptopu mpya kwa kuwa ya zamani haiwezi gemu. Mzazi asiyeijua kompyuta hana namna ya kulipima ombi hilo. Atakataa na kijana anung'unike, au atakubali na pesa ziondoke. Ilhali mara nyingi mashine inaweza. Kilichoishinda ni agizo la kuchora picha kubwa kuliko nguvu zake, na agizo hilo limeandikwa katika faili ndogo ambayo yeyote anayejua kusoma anaweza kuifungua na kuibadilisha. Pesa za mwaka mzima wa kuchuma chai zisitoke nyumbani kabla faili hiyo haijafunguliwa.

KWA NINI NJE YA GEMU?

Karibu kila gemu ina menyu ya mipangilio, na ikipatikana, hapo ndipo pa kuanzia. Lakini menyu huonekana baada ya gemu kuanza kuchora. Kabla ya hapo, programu lazima iwe imejua skrini ina upana na urefu gani, na kama picha itajaa skrini nzima au itakaa ndani ya dirisha. Habari hizo huzisoma kwenye faili. Faili ikisema pikseli 1920 kwa 1080 huku skrini yako ikiwa na 1366 kwa 768, gemu inaweza kukuonyesha weusi mtupu kisha ikajifunga. Menyu huwezi kuifikia, maana imo ndani ya gemu isiyofunguka.

Sababu ya pili ni kwamba zipo gemu ambazo hazikuwekewa kabisa sehemu ya skrini katika menyu yake. Ya tatu ni kwamba kiwango cha chini kabisa kwenye menyu huenda bado kikawa kizito kwa mashine ya ofisi, wakati faili inakuruhusu kushuka zaidi.

Desturi hii ina umri mkubwa. Gemu ya Doom ilipotoka Desemba 1993, mchezaji alichagua kadi ya sauti na vitufe katika programu ya pembeni iliyoitwa SETUP.EXE, na chaguo zake zikahifadhiwa katika faili iliyoitwa DEFAULT.CFG. Tangu hapo watengenezaji wamebadilisha majina na mahali pa kuhifadhi, wala hawakuuacha utaratibu wenyewe.

PROGRAMU YA PEMBENI

Tuanze na soka, kwa sababu ndiyo inayochezwa zaidi na vijana wetu. Katika Pro Evolution Soccer 2013, gemu ambayo bado inapendwa kwa wepesi wake, ukubwa wa picha haubadilishwi ndani ya gemu hata kidogo. Ingia katika folda ilikowekwa gemu, utafute programu iitwayo settings.exe. Ukiifungua utapata ukubwa wa picha, ubora wa michoro na mpangilio wa vitufe vya kibodi au pedi. Chagua, hifadhi, ndipo uwashe gemu. Chaguo hizo huandikwa katika folda ya KONAMI ndani ya Documents.

Wapo vijana wanaocheza PES mwaka mzima kwa picha inayokwamakwama, wakiamini kwamba ndivyo gemu ilivyo, kumbe programu hiyo imekaa hatua moja tu kutoka walipo.

FAILI YA MAANDISHI

FIFA 14, iliyotoka Septemba 2013, nayo ina programu ya pembeni, lakini inatufaa zaidi kwa sababu mipangilio yake imo katika faili ambayo binadamu anaweza kuisoma. Fungua Documents, kisha folda ya FIFA 14, kisha ufungue fifasetup.ini kwa Notepad. Utakuta mistari kama hii:

FULLSCREEN = 1
MSAA_LEVEL = 0
RESOLUTIONHEIGHT = 768
RESOLUTIONWIDTH = 1366

Upande wa kushoto ni jina la jambo, upande wa kulia ni thamani yake. FULLSCREEN ikiwa 1, picha hujaa skrini; ikiwa 0, gemu hukaa ndani ya dirisha. MSAA_LEVEL husimamia kulainisha kingo za picha, kazi inayokula nguvu nyingi. 0 maana yake isifanywe. Mistari miwili ya mwisho ni urefu na upana wa picha kwa pikseli.

Sasa tupige hesabu. Picha ya 1366 kwa 768 ina pikseli 1,049,088. Ukishuka hadi 1280 kwa 720, zinabaki 921,600. Ukishuka hadi 1024 kwa 576, zinabaki 589,824, yaani kama asilimia 56 ya zile za mwanzo. Mashine inayotaka kuonyesha picha 30 kila sekunde ina milisekunde 33 tu za kukamilisha kila moja, na kila pikseli uliyoipunguza ni kazi iliyoondolewa katika muda huo mfupi. Ndiyo maana ukubwa wa picha ndio wa kujaribiwa kwanza kwenye laptopu isiyo na kadi ya michoro.

Chunga uwiano. Vipimo vyote vitatu hapo juu vina umbo la skrini pana. Ukiandika 1024 kwa 768, umbo ni jingine, na wachezaji wanaweza kuonekana wamenenepa kwa sababu picha imevutwa pembeni. Na ikiwa skrini yako haikubali 1024 kwa 576 ikiwa imejaa, weka FULLSCREEN kuwa 0 na ucheze ndani ya dirisha.

GEMU ZA UNREAL

Gemu nyingi za miaka ya karibuni zimejengwa juu ya mtambo mmoja wa programu uitwao Unreal Engine. Miongoni mwazo ni gemu ya mapigano ya Tekken 7, iliyofika kwenye kompyuta Juni 2017. Tekken ndiyo iliyompa sifa Mkenya Sylvia Gathoni, anayejulikana kama QueenArrow, ambaye mwaka 2018 alisajiliwa na timu ya Marekani ya XiT Woundz. Katika gemu hiyo, mashine ikishindwa kutoa picha 60 kwa sekunde, pambano zima huenda polepole, na mchezaji hawezi kujifunza muda sahihi wa kupiga au kukinga. Kurekebisha mipangilio hapo ni sehemu ya mazoezi.

Faili inayohusika huitwa GameUserSettings.ini, nayo imo katika folda iliyofichwa. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %localappdata%, kisha Enter. Tafuta folda yenye jina la gemu (ya Tekken 7 huitwa TekkenGame), ingia Saved, kisha Config, kisha WindowsNoEditor. Ndani ya faili za Unreal utakuta mistari inayoanza na herufi sg. Mstari wa sg.ShadowQuality ni ubora wa vivuli, ambapo 0 ni chini kabisa na 3 ni juu. Vivuli ni mzigo mkubwa kwa Intel, kwa hiyo vishushe mapema. Mstari wa sg.ResolutionQuality ni asilimia ya ukubwa wa picha, nayo hupimwa kwa kila upande. Ukiandika 70, upana unakuwa asilimia 70 na urefu asilimia 70, hivyo pikseli zinazochorwa ni asilimia 49 tu. Umepunguza kazi kwa zaidi ya nusu kwa kubadilisha namba moja.

KUFUTA ILI KUPONYA

Si kila faili ya mipangilio husomeka. GTA San Andreas, iliyofika kwenye kompyuta mwaka 2005, huhifadhi yake katika faili iitwayo gta_sa.set, ndani ya Documents, katika folda ya GTA San Andreas User Files. Ukiifungua kwa Notepad utaona alama zisizo na maana. Dawa yake ni kuifuta: gemu ikiwashwa tena na kukosa faili hiyo, hutengeneza mpya yenye mipangilio ya kiwandani. Tatizo la gemu inayojifunga mara tu inapowashwa mara nyingi huisha hivyo.

Lakini hapa panahitaji macho. Katika folda hiyohiyo zimo faili zinazoanza na GTASAsf, kuanzia GTASAsf1.b hadi GTASAsf8.b. Hizo ndizo hatua alizofikia mchezaji. Anayefuta folda nzima kwa haraka hupoteza kazi ya miezi. Futa gta_sa.set peke yake.

MANENO YA KUWASHIA

Kuna pia maagizo ambayo gemu huyapokea wakati wa kuwashwa. Kwa wanaotumia Steam, duka la gemu la mtandaoni, bonyeza jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, chagua Properties, kisha uandike kwenye kisanduku cha Launch Options. Gemu za kampuni ya Valve zilizojengwa juu ya mtambo wa Source hukubali, kwa mfano, -windowed -w 1024 -h 576, nazo hufunguka ndani ya dirisha la kipimo hicho. Kila gemu ina maneno yake, usiyoyajua usiyabahatishe. Njia hii ina faida moja kubwa: ukiyafuta maneno, agizo linaondoka na faili za gemu hazikuguswa.

KANUNI ZA KAZI

Kwanza, nakili faili kabla ya kuigusa, uiweke kwenye folda nyingine. Akiba haiozi. Hapa kwetu mvua ya radi ya alasiri inaweza kukata stima wakati wowote, na kompyuta ya mezani inayozimika gemu ikiandika mipangilio yake inaweza kukuachia faili iliyoharibika. Mwenye nakala hurudisha ya zamani na kuendelea.

Pili, funga gemu kabisa kabla ya kuhariri. Gemu nyingi huiandika faili upya zinapofungwa, na mabadiliko yako yatafutika.

Tatu, badilisha jambo moja, ujaribu, uandike matokeo kwenye daftari. Mkulima anayejaribu mbolea mpya huiweka kwenye mstari mmoja wa chai na kuiacha mistari mingine, ili ajue kilicholeta tofauti.

Nne, chunga jina la faili. Windows huficha viambishi vya majina, yaani herufi za mwisho kama .ini, na faili unayodhani ni fifasetup.ini huenda umeihifadhi kama fifasetup.ini.txt, ambayo gemu haitaisoma. Katika File Explorer, kwenye View, ruhusu viambishi vionekane. Na ukikosa folda ya gemu ndani ya Documents, angalia ndani ya OneDrive, maana Windows 10 na 11 huweza kuwa zimeihamishia huko.

Tano, kaa kwenye faili za mipangilio. Usibadilishe programu yenyewe ya gemu inayochezwa mtandaoni. Mifumo ya kuzuia udanganyifu inaweza kuifungia akaunti yako. Wala usipokee kwa flashi programu inayodai itaongeza kasi ya gemu zote, kwa kuwa virusi husafiri kwa jina hilo. Faili ya maandishi unaiona yote mstari kwa mstari. Programu ya mtu usiyemjua huoni ndani yake.

KWA MZAZI NA KIJANA

Kijana, kabla ya kupeleka ombi lako, chagua gemu moja, shusha picha hadi 1024 kwa 576, ondoa vivuli na ulainishaji wa kingo, na umwonyeshe mzazi daftari lako. Ikiwa gemu bado inakwama, ombi lako ni la haki na una ushahidi wa kulitetea. Mzazi, kijana akikuletea daftari hilo, msikilize. Aliyejifunza kusoma jina na thamani yake katika faili ameshika jambo ambalo mwanafunzi wa programu hufundishwa siku za kwanza darasani, na amelipata kwa kitu anachokipenda.

Hata hivyo msikimbilie dukani bado. Kuna marekebisho mengine yaliyo nje ya gemu, na hayo yamo katika Windows yenyewe: namna inavyoipunguza kasi prosesa laptopu inapoachwa kwenye betri, jinsi ya kuchagua kadi ya michoro katika mashine zenye mbili, na kwa nini kuongeza kumbukumbu kunaweza kukugharimu kidogo kuliko kununua mashine nzima. Hayo ndiyo ya wiki ijayo.

Itaendelea.