Kuitia Televisheni Programu Mpya kwa Flashi

Televisheni za siku hizi huendeshwa na programu iliyomo ndani yake. Watengenezaji huitoa upya mara kwa mara, ili kuondoa kasoro na kuziba mianya wapitiamo wezi wa mitandaoni. Nyumba isiyo na intaneti haikukosa njia: hutumia flashi.

Kwanza, soma jina la modeli, herufi na tarakimu zote, lilioandikwa mgongoni mwa televisheni. Mbili zaweza kufanana kama mapacha, na programu zao zikawa mbalimbali. Faili lichukuliwe katika tovuti ya mtengenezaji mwenyewe, wala si kwingineko. Likiwa limebanwa, lifungue katika kompyuta, kisha ulitie katika flashi tupu iliyopangwa kwa FAT32, bila ya kulibadili jina. Kila mtengenezaji ana sharti lake: LG, kwa mfano, hutaka faili liwe ndani ya folda iitwayo LG_DTV.

Chomeka flashi, ingia katika mipangilio, uanze. Tangu hapo usizime wala usichomoe kitu, kwani programu mpya yaandikwa mahali pa ile ya zamani. Mwanangu aliianza kazi hii jioni ya mvua. Umeme ukakatika, na kioo kikabaki cheusi hata alipokuja fundi.

Basi enyi vijana, nyinyi ndio mtumwao kazi hizi na wazee wenu: chagueni saa ya utulivu, na msiwe na pupa.