Matamshi ya Kiingereza na Herufi Zake: Ushahidi wa Maneno ya Mkopo katika Kiswahili

Mtoto aliyezoea kusoma Kiswahili, anapoanza Kiingereza, hulitamka neno "name" kwa silabi mbili, na-me, na darasa zima humcheka. "Time" huwa ti-me, "feet" huwa fe-et, "moon" huwa mo-on. Mwalimu humsahihisha, na ni haki yake, kwa kuwa Kiingereza cha leo hakitamkwi hivyo. Lakini lau mtoto huyo angeliketi London na mshairi Geoffrey Chaucer, aliyefariki mwaka 1400, matamshi yake yangelikuwa karibu zaidi na ya wenyeji kuliko ya mwalimu wake. "Name" ilikuwa na a ndefu, na e ya mwisho ingali ikisikika katika mashairi. "Time" ilikuwa na i ndefu, "feet" e ndefu, "moon" o ndefu. Herufi zilisema kweli.

Kilichobadilika ni midomo. Baina ya miaka ya 1400 na 1700 hivi, irabu ndefu za Kiingereza zilihama makazi yao, tukio ambalo Otto Jespersen, mwanaisimu wa Denmark, alilipa jina linaloweza kufasiriwa kuwa Mageuko Makuu ya Irabu. Ulimi ulipanda: e ndefu ikawa i, o ndefu ikawa u. Irabu i na u, ambazo zilikwisha kufika juu na hazikuwa na pa kupanda, zikapasuka zikawa ai na au. Irabu a nayo ikasogea mbele, ikapanda hadi e, kisha ei. Wataalamu wangali wakibishana iwapo irabu za juu ndizo zilizowavuta wenzao, au za chini ndizo zilizowasukuma.

Upigaji chapa ulifika katikati ya safari hiyo. William Caxton alifungua matbaa yake Westminster mwaka 1476, na waliomfuata wakaendelea kuchapa kwa tahajia ya mazoea, ambayo kila muongo ilizidi kuachana na usemi. Kufikia mwaka 1755, Samuel Johnson alipotoa kamusi yake, tahajia ilikwisha kuganda. Noah Webster, katika kamusi yake ya mwaka 1828 huko Marekani, aliandika "color" bila u na "center" mahali pa "centre", lakini mgogoro mkubwa wa irabu hakuugusa. Ndiyo sababu k ya "knee", iliyowahi kutamkwa waziwazi, imebaki kama kaburi la sauti iliyokufa.

Hata hivyo, si kila herufi bubu ni kaburi. B ya "debt" haikupata kutamkwa katika Kiingereza hata siku moja. Neno lilitoka Kifaransa bila b, wasomi wakaipachika ili kuukumbusha ulimwengu asili yake ya Kilatini. S ya "island" ina udhaifu zaidi, kwani neno lenyewe si la Kilatini kamwe. Lilidhaniwa tu kuwa jamaa ya "isle". Wanaoitetea tahajia ya Kiingereza kwa hoja kwamba inahifadhi historia hawana budi kukiri kwamba wakati mwingine imehifadhi uzushi.

Kiswahili kimeweka ushahidi wake katika jambo hili. Maneno mengi ya Kiingereza yaliingia kwa njia ya sikio, yakaandikwa yalivyosikika, na sikio lenyewe lilisikia Kiingereza cha baada ya mageuko. Keki ina e, faini na saini zina ai, gauni na taulo zina au, buti ina u. Lau yangelikopwa karne sita kabla, gauni lingelikuwa guni, faini ingelikuwa fini, buti lingeligongana na boti, na keki, kwa masikitiko ya ndugu wote wa kiume, ingeliitwa kaka. Konsonanti nazo zinashuhudia. Kadi, fomu, shati, dereva na meneja hazina r ambayo Kiingereza huiandika, kwa kuwa usemi wa kusini mwa Uingereza uliiacha r inayofuata irabu wakati wa karne ya 18. Mskoti angaliitamka, na Wamarekani wengi vilevile. Korti, iliyobakiza r, inaonya kwamba si kila neno lilipita sikioni. Jingine huenda lilipita machoni, au katika midomo ya watu wengine.

Kutokana na ushahidi huu wengi hukisifu Kiswahili kwamba huandikwa kama kinavyotamkwa. Sifa hiyo yahitaji kupimwa. Kiunguja kilichaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu mwaka 1928, na kamati iliyosimamia usanifishaji ikaanza kazi mwaka 1930. Tahajia yetu, basi, ina umri wa takriban karne moja tu, na hata siku ya kwanza haikuandika kila kitu: Mmvita hutofautisha paa la nyumba na paa wa mwituni kwa mpumuo wa p, ilhali maandishi sanifu huyafanya neno moja. Tangu wakati huo Kiswahili kimeenea kwa mamilioni ya watu ambao lugha zao za kwanza hazina dh, th wala gh. Kwa wengi wao dhambi ni zambi, thelathini ni selasini, ghali ni gali. Mwalimu anayeikata kwa wino mwekundu "zambi" ya mwanafunzi ambaye hajapata kuisikia dh mtaani kwao hawezi tena kumwambia aandike anavyosema. Hana budi kumwambia alikariri neno kwa macho, kama vile "knee" inavyokaririwa.